Namna ya Kukopa Tembo: Mwongozo wa Kutengeneza Filamu Bila Kupita Chuoni

Mwongozo huu ni wa kijana aliyekwisha kumwambia mama yake kwamba anataka kutengeneza filamu, na mama akamuuliza filamu hizo huliwa na nini. Hajasomea sinema. Hana mjomba kwenye televisheni. Ana simu yenye kioo kilichopasuka, marafiki wawili waaminifu, na picha kichwani zisizofanana na tamthilia yoyote inayoonyeshwa saa tatu usiku. Kijana huyo asikate tamaa. Njia ipo, na aliyeipita aliacha nyayo.

Aliyeipita ni Djibril Diop Mambéty wa Senegali. Alizaliwa mwaka 1945 Colobane, kitongoji cha Dakar, mtoto wa shehe, akafariki Paris mwaka 1998 akiwa na miaka 53. Ousmane Sembène, mkubwa wake katika kazi hii, alikwenda Moscow kujifunza kushika kamera. Paulin Soumanou Vieyra alisomea sinema Paris. Mambéty hakusomea sinema popote. Katika maisha yake alitengeneza filamu saba, na kati ya hizo ndefu ni mbili tu. Ukianza kuzitazama asubuhi, adhana ya magharibi itakukuta umekwisha kuzimaliza zote. Hata hivyo mwaka 2022, jarida la Sight and Sound la Uingereza lilipowapigisha wahakiki kura ya filamu bora za nyakati zote, *Touki Bouki* yake ya mwaka 1973 ilishika nafasi ya 66.

Nimezitazama kazi zake kwa miaka mingi, na zimenifikisha kwenye imani moja. Mtengenezaji wa filamu asiye na chuo wala mfadhili ni mkopaji. Anakopa mtaa, sauti, sura za watu, hadithi, hata wanyama. Heshima yake inapimwa kwa namna anavyolipa. Hatua zinazofuata zinafundisha yote mawili, kukopa na kulipa.

Mahitaji

Mtaa mmoja unaoujua mpaka majina ya mbwa wake.
Masikio mawili.
Kamera yoyote inayowaka.
Bibi, au kumbukumbu ya bibi.
Pikipiki ya kuazima, yenye mafuta ya kwenda na kurudi.
Tembo, ila huyo tutamtafuta baadaye.

Hatua ya 1: Sikiliza filamu kabla ya kuitazama

Colobane ya utoto wa Mambéty ilikuwa na sinema ya wazi, isiyo na paa. Watoto walikatazwa kutoka usiku kwa kuwa mtaa haukuwa salama, nao wakatoroka. Walipofika mlangoni hawakuwa na kiingilio, wakabaki nje wakitega masikio. Ndani zilionyeshwa filamu za kauboi na za Kihindi. Nje zilifika kwato, risasi na nyimbo, na kila mtoto akajitengenezea mwenyewe picha zilizobaki. Alipokuwa mtu mzima, Mambéty alisema huenda hiyo ndiyo sababu ya sauti kupewa uzito mkubwa katika filamu zake.

Itazame *Touki Bouki* ukiwa na habari hiyo mkononi. Honi ya meli na mlio wa ng'ombe vinaitana. Wimbo wa Josephine Baker unaolisifu jiji la Paris unarudi tena na tena, mpaka jiji ambalo filamu haitufikishi linakuwa mhusika kamili, mwenye sauti na vishawishi vyake. Mwongozaji mwingine angetafuta fedha za kwenda kushuti Ufaransa. Huyu aliileta Paris Dakar kwa wimbo.

Zoezi lako ni hili. Nenda kwenye kibanda umiza cha mtaani kwenu, lipa kiingilio, kisha usiingie. Kaa nje. Sikiliza mtafsiri anavyopaza sauti juu ya waigizaji, kicheko cha watazamaji, jenereta, muuza karanga anayegonga sarafu zake. Andika filamu unayoiona kwa masikio. Utakuta ina matukio ambayo ile ya ndani haina, na hayo ni mali yako.

Wanaoanza hukimbilia lenzi. Wewe anza na kinasa sauti, maana simu yako tayari inacho. Mtazamaji husamehe picha yenye giza, lakini mazungumzo yaliyomezwa na upepo humtoa ukumbini.

Hatua ya 2: Fukuzwa, lakini uwe na kitu cha kuondoka nacho

Mambéty alisomea uigizaji, akapanda jukwaani katika Ukumbi wa Taifa wa Daniel Sorano mjini Dakar. Kisha akaondolewa kwa utovu wa nidhamu. Vijana wengi huipenda sehemu hii ya habari zake na huishia hapo. Wanadhani kufukuzwa ndicho kipaji chenyewe.

Tazama alichoondoka nacho. Jukwaa lilikuwa limekwisha kumfundisha mambo ambayo kamera haifundishi: mwili unavyoingia mahali, muda unaopita kabla ya mtu kujibu, namna umati unavyonyamaza unapoguswa. Mtu anayejifundisha sinema mwenyewe huanzia kwenye kazi jirani. Kama wewe ni fundi cherehani, unajua kukata na kuunga. Kama ni kondakta wa daladala, umesoma sura za watu kuliko profesa yeyote. Kama unapiga picha za harusi, unaujua mwanga wa saa kumi na moja jioni na unajua bibi harusi anavyofunga uso anapochoka. Usiiache kazi hiyo kabla haijakupa yote iliyo nayo.

Siku watakapokuambia hufai kwa sababu hukai kwenye mstari, toka kwa adabu, ubebe ulichojifunza, uanze kazi wiki hiyohiyo. Mambéty hakukaa barazani kuhesabu makosa ya wakubwa. Haukupita muda mrefu akawa na filamu yake ya kwanza mkononi.

Hatua ya 3: Panda mkokoteni, uzunguke mji wako ukicheka

Filamu hiyo ya kwanza ni *Contras'City*, yenye urefu wa dakika zipatazo 20. Haina kisa. Mkokoteni wa farasi unazunguka Dakar, sauti ya mwanamke wa Kifaransa na ya mwanamume wa Senegali zinajibizana, na kamera inapita kwenye majumba makubwa yaliyojengwa kwa fahari ya Ufaransa, halafu kwenye masoko, misikiti na vibanda vya mbao. Mji unajifunua wenyewe: huku nguzo nene za kikoloni, kule fundi amekaa kwenye benchi akinyoa mteja. Mambéty anacheka, na kicheko chake ni cha mwenyeji anayejua nani anadaiwa dukani na nani amevaa suti ya kuazima.

Mwaka 1970 ikafuata *Badou Boy*. Mtoto mtundu wa mtaani anakimbizwa na polisi mnene katika mitaa ya Dakar, anadandia basi, anapotea, anaibuka kwingine. Ilipata tuzo ya Tanit ya Fedha kwenye tamasha la Carthage nchini Tunisia. Kumbuka hiyo ilikuwa filamu yake ya pili tu.

Kwa hiyo filamu yako ya kwanza isihusu wakala wa siri, wala isihusu jumba la kifahari ambalo humjui mlinzi wake. Chagua chombo: bodaboda, daladala, mtumbwi, mkokoteni wa maji. Panda kutoka mwanzo wa njia mpaka mwisho wake. Shuti vitu viwili tu kila unaposimama, ambavyo vimekaa pamoja na havipatani: kanisa na baa zinazotumia ukuta mmoja, bango la nyumba za ghorofa juu ya dimbwi, mzee mwenye kanzu nyeupe kama theluji anayeruka mtaro. Usiweke maelezo. Kata, weka kingine.

Kuna kipimo kimoja cha kicheko. Jiulize kama kinyozi wa mtaani kwenu, akiiona, atacheka pamoja nawe. Kama ni mgeni peke yake atakayecheka, futa kipande hicho. Umekopa sura za watu na kuzilipa kwa matusi.

Hatua ya 4: Funga pembe kwenye pikipiki

Sasa tumefika kwenye kazi yenyewe. *Touki Bouki*, ambayo kwa Kiwolof ni safari ya fisi, iligharimu dola zipatazo 30,000, sehemu yake ikitoka serikalini. Kisa chake kinatosha kwenye kiganja. Mory, mchunga ng'ombe, na Anta, mwanafunzi wa chuo kikuu, wanataka kwenda Paris na hawana nauli. Wanaiba sanduku kwenye mashindano ya mieleka yanayochangisha fedha za mnara wa Jenerali de Gaulle, na ndani hawakuti fedha. Wanamwibia tajiri mmoja nguo na gari. Wanafika bandarini. Anta anapanda meli. Mory anafika ngazini, anageuka, anakimbia kurudi mjini.

Watu wamesahau nusu ya kisa hicho, lakini hakuna aliyeisahau pikipiki. Mory amefunga mbele yake fuvu la ng'ombe lenye pembe ndefu. Ndani ya picha hiyo moja mna zizi na barabara, mna baba aliyechunga na mtoto anayetaka kuondoka, mna mnyama aliyechinjwa na chombo kinachonguruma. Filamu inaanza na mtoto akiwa juu ya ng'ombe, akiongoza kundi, kisha inatuingiza machinjioni. Kwa hiyo tunapomwona Mory akipita mjini na zile pembe, tayari tunajua zimetoka wapi na mwenye nazo yuko hatarini kiasi gani. Hakuna mhusika anayesimama kutueleza.

Picha ya namna hiyo hupatikana vipi? Mambéty aliwahi kutoa maelekezo yake: fumba macho, uone giza, kaza zaidi, uone vinuru vidogo vikichezacheza na kuchukua maumbo, fumbua, filamu iko mbele yako. Nayachukulia maelekezo hayo kuwa ya kazi kabisa, na ninakuomba uyajaribu usiku huu kabla ya kulala. Ukifumbua, chukua kitu kimoja cha wazazi wako na kimoja unachokitamani wewe, uvifunge kwa kamba moja. Mashine ya kushonea ya bibi juu ya paa la basi la mkoani. Redio ya marehemu babu kwenye mgongo wa mbuzi. Kisha mwonyeshe rafiki picha hiyo bila kusema neno. Akinyamaza, endelea. Ukijikuta unamfafanulia kwa sentensi tatu, fungua kamba uanze upya.

Hatua ya 5: Unga vipande kwa mantiki ya bibi

Hapa ndipo majirani watakapoanza kuwa na wasiwasi na akili yako, kwa hiyo jiandae.

Katika *Touki Bouki*, Mory na Anta wanapendana kando ya bahari, na kipande hicho kinaungwa na kuchinjwa kwa mnyama. Mkono wa Anta unashika nakshi ya chuma ya Wadogon iliyo nyuma ya pikipiki, mawimbi yanapiga mwamba, damu inamwagika, na tunalazimika kuamua wenyewe kilichotokea. Matukio yanarudi. Mambo yanayoweza kuwa ndoto yanapigwa kwa mwanga uleule wa mambo ya kweli. Mambéty alisema mwongozaji wa Afrika ana njia mbili: kuzungumza na watu kwa namna nyepesi iliyozoeleka, au kutafuta lugha ya picha na sauti isiyo na porojo. Alichagua ya pili, akaibeba mpaka mwisho.

Lugha hiyo hakuitoa mbali. Filamu yake fupi ya mwaka 1989, aliyoitengeneza Burkina Faso wakati Idrissa Ouédraogo akipiga filamu yake *Yaaba*, aliiita *Parlons grand-mère*, yaani tuzungumze habari za bibi. Kwake bibi ndiye chanzo cha usimulizi. Nawe bibi unaye. Aliposema paukwa nawe ukaitikia pakawa, hakukueleza sungura alivyotoka porini akafika kwa mfalme. Alifika. Bibi alikatiza kisa katikati akaimba, akarudia maneno yaleyale mara tatu, akakuruhusu uogope mwenyewe. Ulikuwa na umri wa miaka mitano na hukulalamika kwamba hueleweshwi. Mtazamaji wako ni mtu mzima. Mheshimu angalau kwa kiwango hicho.

Kazi ya mezani basi ni hii. Tafuta kila mahali ulipoweka kipande cha mtu akifungua mlango, akipanda ngazi, akikaa kitini, kwa hofu kwamba bila hivyo hatutajua amefikaje. Kiondoe. Mahali pake weka sauti ya kule anakokwenda. Kisha tafuta sehemu mbili za filamu zilizo mbali na zenye tendo linalofanana, mkono unaokamata, mguu unaokanyaga, uziweke jirani. Zikianza kusemeshana, ziache.

Hatua ya 6: Ngoja, huku umembebea mwenzio ndoo

*Touki Bouki* ilitoka mwaka 1973, ikapata tuzo ya wahakiki kwenye tamasha la Cannes na tuzo maalumu kwenye lile la Moscow. Filamu ndefu iliyofuata ilitoka mwaka 1992. Hesabu mwenyewe miaka hiyo. Mtoto aliyezaliwa mwaka ilipotoka ya kwanza angeweza kununua tiketi ya kuitazama ya pili kwa mshahara wake.

Sikufichi kwamba miaka mikavu itakuja. Mwandishi yeyote wa mwongozo asiyekuambia hivyo anakuibia. Fedha za filamu ya majaribio huja kwa kuchelewa, na nyingine haziji. Wakati huo usikae ukiisubiri simu. Mambéty alikwenda kwenye lokesheni ya Ouédraogo na kuirekodi kazi ya mwenzake kwa upendo, na kutokana na hiyo tuna moja ya kumbukumbu nzuri za waongozaji wawili wa Afrika wakiwa kazini. Fanya vivyo hivyo. Beba taa ya rafiki yako. Shika kinasa sauti kwenye filamu ambayo jina lako litaandikwa dogo mwishoni. Utajifunza bila ada, na zamu yako ikifika utakuwa na watu wa kukubebea.

Hatua ya 7: Kopa tembo

Sasa tembo.

Filamu ya mwaka 1992 ni *Hyènes*, yaani fisi, iliyoshindanishwa Cannes. Kisa alikikopa kwa mwandishi wa Uswisi, Friedrich Dürrenmatt, kutoka kwenye tamthilia yake ya mwaka 1956 kuhusu bibi kizee tajiri anayerudi kwao. Na katika mahojiano alieleza alivyoikamilisha: tembo aliwakopa kwa Wamasai wa Kenya, fisi Uganda, watu Senegali, na mmoja kutoka Japani. Hivyo ndivyo Afrika Mashariki ilivyoingia Colobane. Alitaka hadithi ya kitongoji kimoja iwe ya bara zima, kisha ya dunia, akabisha hodi kila mlango.

Angalia mpangilio wake kabla hujaanza kubisha hodi zako. Kila kitu cha ugenini kililetwa nyumbani. Mji wa Dürrenmatt ukawa Colobane, wahusika wakapewa majina ya Kisenegali na wakasema Kiwolof, muziki ukatungwa na Wasis Diop, mdogo wake wa damu, na mwongozaji mwenyewe akavaa nguo za hakimu. Mwenye deni akatajwa pia, kwa maana filamu imetolewa kwa heshima ya Dürrenmatt. Ukikopa, taja uliyemkopa. Ni rahisi na haigharimu chochote.

Kisa chenyewe kinahusu mikopo. Linguère Ramatou anarudi Colobane akiwa na utajiri unaofananishwa na wa Benki ya Dunia. Ujanani alipata mimba ya Dramaan Drameh, na Dramaan akaikana, akawahonga mashahidi wawili, yule binti akafukuzwa mjini. Sasa Dramaan ni mwenye duka anayependwa na kila mtu. Ramatou anawaahidi watu wa mji fedha zisizohesabika kwa sharti moja: Dramaan auawe. Wote wanakataa kwa hasira. Kisha wanaanza kununua kwa mkopo. Wanaingia dukani kwa Dramaan wamevaa viatu vipya vya njano kutoka Burkina Faso, wanachukua bidhaa bora, wanasema iandikwe. Mafriji na mapanka yanawasili. Dramaan anatazama miguu ya jirani zake na anaelewa kwamba bei yake imekwisha kulipwa.

Naiona filamu hii kuwa onyo kuu kwa anayetaka kazi yetu. Ramatou wako atakuja. Atakuja na fedha halali kabisa, pengine na barua yenye nembo nzuri, na sharti lake halitatamka neno kuua. Ataomba mtaa wako uonekane mchafu zaidi kidogo, mama lishe alie zaidi kidogo, vijana wako washike mapanga ambayo hawajawahi kuyashika, kwa sababu huko nje ndivyo watu walivyozoea kutuona. Utakataa kwa hasira. Kisha utaangalia lenzi mpya ambayo umekwisha kuiwekea oda. Siku hiyo angalia rangi ya viatu vyako.

Tembo unaweza kumkopa. Jirani yako huwezi kumweka rehani.

Hatua ya 8: Lipa

Malipo ya Mambéty yako kwenye filamu zake mbili za mwisho, kila moja ya dakika zipatazo 45. Alikuwa amepanga hadithi tatu za watu wadogo, akawahi kutengeneza mbili.

*Le Franc* ya mwaka 1994 ilizaliwa na tukio lililowagusa watu wote wa nchi zinazotumia faranga ya CFA. Januari mwaka huo thamani yake ilipunguzwa kwa nusu mbele ya faranga ya Ufaransa, na waliolala na fedha wakaamka na nusu yake. Mchumi angeandika ripoti. Mambéty alimtafuta Marigo, mwanamuziki mwenye kodi ya nyumba isiyolipwa na ala iliyochukuliwa na mama mwenye nyumba. Marigo ananunua tiketi ya bahati nasibu, anaibandika mlangoni kwa gundi chini ya picha ya shujaa Yaadikoone, na tiketi inashinda. Haibanduki. Anaung'oa mlango na kuubeba Dakar nzima kwenda kudai zawadi. Ukitaka kujua kupungua kwa thamani ya fedha kunavyokaa mgongoni mwa mtu, mtazame akijaribu kuupakia mlango huo kwenye basi lililojaa.

*La Petite Vendeuse de Soleil* ilitoka mwaka 1999, baada ya kifo chake. Sili, binti anayetembea kwa magongo, anaamua kuuza gazeti la *Le Soleil* kwa sababu kazi hiyo wanaifanya wavulana na haoni kwa nini yeye asiifanye. Lissa Balera anamwigiza kwa uso ambao huwezi kuuhurumia hata ukijaribu, kwa maana una shughuli nyingi kuliko huruma yako. Polisi anapomshuku kwa wizi baada ya kuuza magazeti yote siku ya kwanza, Sili anakwenda kituoni, anadai haki yake, na anatoka akiwa amemtetea pia mwanamke aliyeshikiliwa bure. Fedha alizopata anamnunulia bibi yake mwavuli wa jua, nyingine anawapa ombaomba. Wavulana wanamnyang'anya gongo, naye anaendelea kuuza, akibebwa mgongoni na rafiki yake.

Hivyo ndivyo mtu anavyolipa. Mitaa ya Dakar ilimpa Mambéty sura na sauti tangu alipokuwa mtoto asiye na kiingilio. Akairudishia watu wake wakiwa kamili, wenye hila, ucheshi, ukaidi na heshima, mbele ya macho ya dunia nzima.

Maswali utakayoulizwa, na majibu yake

*Filamu yako inahusu nini?* Taja mtu, kitu na mahali: mwanamume, mlango, Dakar. Mwenye nia ya kuitazama ataridhika.

*Mbona haina mwanzo wala mwisho?* Ina vyote viwili. Mwambie atazame mara ya pili, na umwonyeshe bure.

*Itadumu?* Itunze. *Touki Bouki* ilirejeshwa upya Italia mwaka 2008 kupitia taasisi ya Martin Scorsese ya kuokoa sinema za dunia. Mwaka 2018 Beyoncé na Jay-Z walitangaza ziara yao kwa picha ya wawili juu ya pikipiki yenye pembe, miaka 45 baada ya Mory kupita nayo Dakar. Hifadhi nakala tatu za kazi yako mahali patatu tofauti, kuanzia leo.

*Nani atairithi?* Huenda ni mtoto wa ndugu yako. Mati Diop, binti wa Wasis, alitengeneza *Mille soleils* mwaka 2013, akimfuata Magaye Niang, aliyeigiza Mory, miaka 40 baadaye. Mwaka 2019 alitwaa tuzo ya Grand Prix Cannes kwa *Atlantique*, na mwaka 2024 Dubu wa Dhahabu Berlin kwa *Dahomey*. Hao watoto wanaokuzonga wakati unahariri, waache wakae.

Kazi ya wiki hii

Toka na simu yako. Rekodi sauti za mtaa kwa siku nzima bila kupiga picha. Siku inayofuata tafuta picha moja inayobeba vitu viwili visivyopatana. Omba ruhusa kwa kila mtu unayemshuti, ujue jina lake, uandike. Unga dakika tatu, zisizidi. Kisha, kabla ya kuituma kwenye tamasha lolote, funga shuka ukutani na uwaite wote waliomo ndani yake, waliokuazima pikipiki, kiti na uso. Waonyeshe. Mahali watakapocheka usipotarajia, jifunze. Mahali atakaponuna mmoja wao, muulize kwa nini, na akiwa na haki rudi ukakate upya. Usiku huo utajua unadaiwa kiasi gani, na utakuwa umekwisha kuianza filamu yako ya pili.